Sauti ya Mzee Ludger

Rosaire Boivin alikuwa mwandishi, mwongozaji na mtayarishaji wa filamu zake mwenyewe, na katika vyeo vyote hivyo vitatu hakuna hata kimoja kilichomfunza adabu. Alizaliwa Saguenay, Quebec, mtoto wa mpasua mbao. Filamu ya kwanza aliipigia jikoni kwa mama yake. Ya pili ilimpeleka Montreal, akarudi anaongea kwa kubana midomo, Kifaransa laini cha Paris, kama mtangazaji wa redio. Ya tatu, ya mgomo wa kiwanda cha mbao, aliipigia nyumbani, na waigizaji walikuwa watu wa mji wenyewe, wakisema Kifaransa chao kizito. Baba yake, mzee Ludger, aliigiza kiongozi wa mgomo. Kabla theluji ya mwaka huo haijayeyuka, ugonjwa wa mapafu ukamuua.

Paris waliipenda filamu ila wakadai hawaelewi neno. Rosaire, kwa uroho wa jina, akakubali waigizaji wa kule watie sauti zao juu ya midomo ya watu wa Saguenay. Kanda za sauti za mwanzo akazitumia kurekodia filamu nyingine. Hakumuuliza mtu.

Ndiyo hiyo, yenye sauti za kigeni, aliyokuja kuionyesha nyumbani Saguenay, chini ya kanisa, kwenye ukumbi wa kuchezea bingo. Mama yake, Alphéda, alikaa mbele na kofia yake ya Pasaka.

"Leo namsikia mzee wangu," alimwambia kila aliyeingia.

Filamu ikaanza. Yvon, binamu yake Rosaire, akajiona anaomba bia kwa sauti laini ya kigeni. Watu wakacheka, halafu wakaacha kucheka.

"Nani huyo kanikalia kooni?" Yvon akafoka.

"Paris hawatuelewi, Yvon..."

"Kwani Paris ndio waliokulisha? Umekula pai za nyama nyumba hadi nyumba, leo unatuona mabubu! Mshenzi we!"

Mama Alphéda akasimama. "Mwanangu, tuwekee ile yenye sauti zetu."

"Haipo, mama. Kanda zake nilirekodia filamu nyingine."

"Na sauti ya baba yako?"

"Nayo niliifuta."

"Basi zima hiyo kelele."

Rosaire akazima sauti, picha zikaendelea. Yvon akayasema maneno yake mwenyewe, kwa hasira, macho kwa Rosaire. Muuza mikate akasema yake, karani wa kiwanda akafuata, kila mtu akimtemea maneno yale usoni.

Kisha mzee Ludger akapanda juu ya magogo, akavua kofia, akafungua mdomo. Midomo ya marehemu ilichezacheza bila mtu wa kuisemea.

"Maneno uliyaandika wewe," mama akasema. "Msemee baba yako."

Rosaire alitamani ardhi immeze. Akajikaza, akafungua kinywa, na maneno ya baba yake yakamtoka kwa sauti ile ile laini ya Paris.

Mama Alphéda akachukua koti lake akatoka, na ukumbi mzima ukamfuata.