Waliponiambia Ego

Nilipokuwa mwaka wa mwisho chuo cha kilimo, mchumba wangu aliniacha kwa ujumbe wa simu wenye maneno manne: "Una ego, siwezi tena." Nilimjibu kwa maneno yasiyopungua mia mbili, na sasa nikikumbuka nadhani majibu yale ndiyo yaliyompa ushindi.

Kwa mtu aliyekulia Temeke kama mimi, neno hilo halihitaji kamusi. Vipindi vya mapenzi vya redioni vimelitumia mpaka limekuwa la kwetu. Mwenye ego ni mtu wa maringo, anayejiona, ambaye akikosea anatafuta wa kumlaumu kabla hajajitazama kwenye kioo. Mama yangu alikuwa ameshaniambia nipunguze ego, dada yangu pia, na mara moja mhadhiri wa somo la saikolojia alipotamka neno hilo darasani, akilieleza kitaalamu kabisa kuwa ni sehemu ya nafsi ya kila binadamu, wenzangu wawili waligeuka kunitazama. Kwa hiyo nilipopangiwa kazi Kasulu nililibeba neno hilo kama kidonda, na mtu akikaribia kuligusa tu naruka.

Kazi yenyewe ni ya ugani. Watu hutuita bwana shamba au, kwangu mimi, bibi shamba. Nilikuwa na miaka ishirini na sita, na wanawake wenye vitukuu wakawa wananiita bibi. Nilikubali haraka, nikaona wamenipa cheo.

Wiki ya pili nilipelekwa Heru Juu. Mihogo ya kule ilikuwa imeshikwa na michirizi ya kahawia, ugonjwa mbaya kwa sababu una hila: majani yanaweza kukudanganya kuwa shamba ni zima, halafu ukipasua muhogo unakuta umeoza ndani kwa mistari ya rangi ya kutu. Dawa hakuna. Unang'oa shamba lote, unachoma mashina, unapanda mbegu safi. Ofisi ilikuwa na lori zima la mashina safi yaliyofungwa mafungu, na mvua zilikuwa zimeanza. Kazi yangu ilikuwa kuwashawishi watu wakubali kung'oa, kisha nipige simu lori lije.

Mkutano ulifanyika kwenye uwanja wa shule. Wengi walikuwa wanawake, na mbele kabisa alikaa bibi mmoja mwembamba, kitenge kimefungwa kifuani, jembe lake limelazwa pembeni. Nilijitambulisha. Nikasema nimetoka Dar es Salaam kuwaletea elimu.

"Ego," akasema yule bibi, akitikisa kichwa.

Nikadhani nimesikia vibaya. Nikaendelea. Nikasema mimi nimesoma ugonjwa huu kwa miaka mitatu.

"Ego," wakasema wanawake kama kumi hivi, taratibu, na wengine wakapiga makofi mepesi ya viganja.

Nilihisi masikio yanapata moto. Nikajikaza, nikawaambia kwamba wakinisikiliza mimi hawatapata hasara, wang'oe mihogo yote, na mbegu mpya nitawaletea mimi mwenyewe. Sasa uwanja mzima ukaitika kwa sauti moja: "Ego!" Yule bibi wa mbele alisimama kabisa, akaniangalia usoni, akalirudia peke yake, kwa upole kama anayemwambia mtoto.

Nilikunja karatasi zangu. Nikasema, "Asanteni kwa matusi yenu," nikaondoka. Mwenyekiti wa kijiji aliinuka kunifuata, lakini nilishapanda bodaboda. Baadaye niliambiwa walidhani tumbo limenisokota.

Dereva wa bodaboda alikuwa mtu mzima wa kule kule, mpole, mwenye koti la mvua lililomzidi ukubwa. Njiani nikamwaga ya moyoni: watu hawa wana dharau, sijapata kuona, mtu amesafiri kutoka pwani kuja kuwasaidia wanamzomea.

"Ego, bibi shamba," akasema.

"Simamisha pikipiki!"

Nikashuka. Nikatembea kwa miguu kuelekea Kasulu, viatu vya ofisini vikizama kwenye tope jekundu, na yeye nyuma yangu akisukuma pikipiki iliyozimwa, akinibembeleza: "Ego, bibi shamba. Ego, mama. Haya, panda." Kila alivyozidi kunituliza ndivyo nilivyozidi kuongeza mwendo. Tulikwenda hivyo karibu saa nzima. Watoto wa barabarani walifurahi sana siku ile.

Nilipofika tu nikampigia mkuu wangu. Nikasema Heru Juu hawataki, wamenikataa hadharani, mashina yapelekwe kwingine. Akauliza kama nina uhakika. Mimi na kuulizwa kama nina uhakika! Nikamwambia nina uhakika wote. Kesho yake lori likapelekwa Kibondo.

Nilikaa siku nane nikiwa nimenuna, nikiandika taarifa ambazo hakuna aliyeziomba. Nilipanga chumba kwa mama mmoja Mha, mcheshi, ambaye mimi na yeye tuliongea Kiswahili muda wote. Jioni ya siku ya nane tulikuwa tunakula ugali wa muhogo na maharage, simu yake ikaita. Alikuwa mama yake mzazi. Akaipokea kwa Kiha, na mimi sikuwa nasikiliza, mpaka nikasikia: "Ego, mama. Ego. Ego, ego. Ego, mama."

Nikaacha kutafuna. Hakuna mtu anayemtukana mama yake mara tano huku anatabasamu na kunipakulia maharage kwa mkono wa pili.

Alipokata simu nikamuuliza, "Mama yako ana ego?"

"Ana nini?"

"Ego. Umemwambia ego, ego."

"Nimemwambia ndiyo," akasema. "Ameniuliza kama nimekula, kama watoto wazima, kama nitakwenda Jumapili. Ego ni ndiyo. Kwani hukujua? Umekaa hapa wiki tatu!"

Nilimsimulia ya Heru Juu. Alicheka mpaka akatoka nje akashika nguzo ya baraza. Nilipofika kwenye habari ya dereva anayesukuma pikipiki alinisihi ninyamaze, mbavu zinamuuma. Nami nilicheka, nakiri, nilicheka sana. Kisha akajifuta macho akasema, "Sasa wale waliokukubalia, wamefanyaje?"

Kicheko kikakauka hapo hapo.

Asubuhi nilikwenda Heru Juu kwa bodaboda ile ile. Nilimwomba radhi dereva, akasema ego, na safari hii nikashukuru. Mwenyekiti aliniambia wengi walisubiri waone lori kwanza. "Isipokuwa yule bibi aliyesimama," akasema. "Yeye aling'oa mchana ule ule."

Shamba lake lilikuwa kando ya njia. Jekundu, tupu, limesafishwa hadi mpakani, na katikati duara jeusi la majivu ya mashina aliyoyachoma. Mihogo michache iliyokuwa na sehemu nzima alikuwa ameimenya na kuianika juu ya mkeka, makopa ya kutosha labda wiki tatu kwa yeye na wajukuu wake watatu. Hapakuwa na kitu kingine. Alitoka ndani akanisalimia kwa viganja viwili, bila kinyongo chochote usoni.

"Tumekungoja," akasema.

Nikamuuliza, kwa sauti ambayo sikuipenda, kwa nini hakusubiri mbegu zifike kwanza kama wenzake.

"Ulituambia mbele ya watu," akasema. "Nikasema ego. Nikishasema ego, nimesema. Wewe si ulisema utaleta?"

Nilimwambia nitaleta. Sikumwambia mashina yako wapi. Niliogopa, hilo nalisema wazi, na nilikuwa na aibu ambayo sijawahi kuwa nayo tangu nizaliwe.

Siku hiyo hiyo nikapanda basi la Kibondo. Niliketi kati ya mzee mmoja aliyewahi kusoma seminari na mama wa Kikongo mwenye mzigo wa vitenge, aliyekuwa anarudi kambini Nyarugusu. Kwa kuwa nilikuwa nahitaji kumwambia mtu yeyote, niliwaambia wao. Mzee alifurahi kuliko kisa kilivyostahili. Alisema kwamba kwa Kilatini, lugha aliyofundishwa seminari, ego ni "mimi", basi, wala halina ubaya. "Kwa hiyo wao walikuwa wanasema ndiyo," akasema, "na wewe ulikuwa unasikia mimi, mimi, mimi."

Nilitamani ashuke.

Mama wa vitenge yeye alilijua kwa Kifaransa. "Ego? Ile ni mutu anajiweka juu," akasema. "Bwana yangu wa kwanza alikuwa nayo mingi sana. Nilimuacha nayo." Akashuka Makere na mzigo wake, akinitakia heri, na mimi nikabaki nikihesabu: herufi tatu, kwa mzee ni "mimi", kwa mama huyu ni kasoro, kwa mhadhiri wangu ni kiungo cha nafsi, na kwa bibi wa Heru Juu ni ahadi. Niliyekuwa na maana moja tu mfukoni, tena mbovu, ndiye niliyekuwa nimepewa kazi ya kuelimisha.

Kibondo nilimkuta bwana shamba wa kule akigawa mafungu ya mwisho chini ya paa la ghala. Alisema hawezi kunipa hata fungu moja bila mkuu kuruhusu. Basi nikapiga simu nikiwa nimesimama mbele yake na mbele ya wakulima waliopanga foleni.

"Heru Juu walikubali," nikasema. "Mimi ndiye niliyekosea."

"Ulikosea vipi?" mkuu akauliza. "Walisema nini hasa?"

"Walisema ego."

"Na wewe ulisikia nini?" akauliza.

Nikamweleza. Nilimweleza yote, hata ile pikipiki kusukumwa, kwa sababu nilishaona kwamba nikificha kipande itabidi nimlaumu mtu. Foleni nzima ilikuwa inasikiliza. Mwenyeji mmoja alikaa chini kwa kucheka. Mkuu hakucheka. Alisema, "Kuna mtu aling'oa?" Nikasema yupo mmoja, na shamba lake ni tupu. Akasema nipewe yaliyobaki.

Yaliyobaki hayakutosha. Wakulima wawili waliokuwa mwisho wa foleni walinipunguzia kutoka kwenye mafungu yao, bila kuombwa, bado wakitabasamu, na hata hivyo nilihesabu njiani nikaona yatafunika kama theluthi mbili ya shamba lile. Niliyasafirisha juu ya lori la mahindi, yamefunikwa kwa majani mabichi yasikauke, na mimi nikiwa nimeketi juu yake.

Bibi aliyapokea kwa kuyagusa moja moja. Tulikata pingili pamoja, akinikosoa urefu mara mbili, na tukaanza kupanda upande wa juu wa shamba. Nilimwambia theluthi iliyobaki tutaweka maharage, na kwamba nitaleta mbegu ya maharage mimi. Nikasita. Safari hii alinitazama kidogo kabla hajajibu.

"Ego," akasema.

Hapo ndipo nilipoweka pingili chini nikamwambia ukweli. Nilimwambia kwamba mashina yalikuja hadi Kasulu yakapelekwa kwingine kwa sababu yangu, kwamba alipokuwa ananikubalia nilidhani ananitukana, na kwamba kwetu neno hilo huambiwa mtu mwenye maringo, anayejiona, asiyekubali kosa lake. Nilimwomba anisamehe.

Alisikiliza mpaka mwisho, mikono yote miwili juu ya mpini wa jembe. Akalipima neno lake mwenyewe lililomrudia limevaa nguo nyingine. Kisha mdomo wake ukaanza kucheza.

"Na hiyo ego ya kwenu," akauliza, "wewe unayo?"

Nilimtazama, nikatazama lile shamba tupu.

"Ego," nikasema.

Alicheka akapiga viganja vyake, akanisukumia fungu la pingili kwa mguu.

"Basi inama," akasema. "Mistari bado mingi."