Mnara Ambao Sikuula

Mimi ndiye bingwa wa sataranji wa Uvira. Kombe sijapewa, na redioni hawajanitangaza, lakini tembea kutoka Kavimvira paka Kalundu, uliza ni nani anayeujua mchezo huo. Watakuelekeza kwenye depo yangu ya saruji na mabati hapa Kimanga. Hakuna wa pili. Nasema hivyo kwa kujisifu, na ni kweli hata bila kujisifu: tangu mke wangu afariki, hakuna mwingine ninayemfahamu hapa anayejua farasi anarukaje.

Shule niliishia mwaka wa nne wa msingi. Nilianza kwa kubeba mbao mgongoni. Leo wale walionibebesha wananiita patron, na nyumba yangu ya Mulongwe ina ghorofa, juu ya msingi wa mawe mrefu kupita wa mtu yeyote kwenye avenyu yetu. Mto ukifurika, majirani wanaleta magodoro yao kwangu. Katika hayo yote hakuna aliyenishika mkono. Sataranji tu ndiyo niliyofundishwa, na mwalimu alikuwa mke wangu.

Yeye alisoma kwa masista, na huko alipewa ubao wa sataranji. Aliuleta kwenye ndoa pamoja na masufuria yake. Jumapili baada ya misa tulikaa barazani, ubao katikati, naye ananisomea kwenye simu habari za mabingwa wakuu wa dunia. Alisoma kwa Kifaransa, kisha ananigeuzia kwa Kiswahili, maana Kifaransa changu ni cha kuuza misumari. Kinywani mwake ndimo nilimomjua yule aliyetwaa taji la dunia, kisha akagoma kulitetea. Na yule aliyefia hotelini angali bingwa, peke yake, ubao uko mezani. Nilijua hata cheo chenyewe cha bingwa mkuu kinavyopatikana. Wanakudai norme tatu, yaani mara tatu ufanye vizuri sana katika mashindano, ukicheza na watu ambao tayari wana cheo. Hata uwe hodari namna gani, nyumbani kwako hukipati. Lazima watu wakae mbele yako.

Kulikuwa na kijana mmoja wa Afrika ya kaskazini ambaye mke wangu alimfuatilia kama mtoto wa dada yake. Alikuwa bingwa wa nchi yake angali mdogo. Norme ya kwanza akaipata ugenini, ya pili mwaka uliofuata. Ya tatu ikaanza kumponyoka. Mara mbili alihitaji sare tu katika mchezo wa mwisho, na mara mbili akashindwa.

"Papa, tumuombee huyu mutoto," mke wangu alisema. "Anataka kupiga kila mutu. Sare tu, na yenyewe inamushinda."

"Ni kama minye," nikasema.

"Weye unamupita. Weye unakulaka kila kitu!"

Hapo alinishika. Mimi nimekulia kwenye dame, ile drafti ya vifuniko vya bia kando ya ziwa. Kwenye dame kula ni lazima. Ukiona cha kula usile, mwenzako anapuliza kete yako na inatoka. Basi mkono wangu ulizoea hivyo. Kwenye sataranji mke wangu alikuwa akiacha mnara wake, ile kete ya pembeni, wazi kabisa, kama mbuzi aliyesahauliwa njiani. Mimi nakula, nacheka, na hatua chache baadaye mfalme wangu hana pa kukimbilia.

"Siku moja utauacha," aliniambia, "na minye nitakupikia kuku muzima, yako peke yako."

Kuku huyo sikumla. Mke wangu aliugua, akaondoka kabla kijana wetu hajapata norme ya tatu. Watoto wako mbali, wanapiga simu kuuliza hali. Ubao niliufungia kabatini.

Mwaka jana mteja mmoja anayenunua mabati aliniambia kuna bingwa mkuu anakuja Bujumbura, atacheza na watu wengi kwa pamoja. Aliponitajia jina, niliweka kalamu chini. Alikuwa ni yule kijana wa kaskazini, mtoto wa maombi ya mke wangu. Sasa cheo alikuwa nacho.

Nilifunga depo siku ya kazi. Nilivaa koti la harusi, bado linanitosha, nikavuka mpaka pale Kavimvira. Sikujidanganya kwamba nitampiga mtu wa namna ile. Nilitaka kitu kimoja tu: nikae mbele ya yule mtoto, aweke chambo, nami nisile.

Meza zilipangwa duara, yeye akizunguka ndani, mwembamba, mikono nyuma. Pembeni yangu aliketi mwanafunzi wa chuo.

"Muzee, unajua kucheza, ao umesindikiza mutu?"

"Nimekusindikiza weye. Akimaliza kukupiga, nikupeleke kwenu."

Alicheka, na kweli hakuchelewa kupigwa.

Mimi nilidumu. Halafu bingwa akaja, akasogeza mnara wake pale askari wangu angeweza kuula, akaenda zake. Mnara uko wazi, mlinzi hakuna. Mkono wangu ulipanda wenyewe. Kwenye sataranji ukigusa umecheza, huna tena maneno. Ulikuwa umebaki upana wa kidole. Nikaurudisha ule mkono, nikaukalia. Nikatazama ubao polepole, kama mke wangu alivyokuwa akinibembeleza nitazame. Nikauona mtego wote, paka mwisho. Alipozunguka tena, nilimrudisha farasi nyumbani kumlinda mfalme.

Alitazama ubao. Kisha akanitazama mimi, mara ya kwanza siku ile, akatabasamu. Tulisukumana mpaka hakuna aliyekuwa na pa kupita, akaninyooshea mkono.

"Nulle, monsieur?"

Sare. Katika ukumbi wote tuliopata sare ni wawili, mimi na binti mmoja mwanafunzi. Wengine wote walipigwa, na mimi ndiye niliyekuwa na madarasa machache kuliko wote.

Watu walipotawanyika nilimfuata, nikamuuliza kwa Kifaransa changu cha misumari: norme ya tatu aliipataje? Alishangaa. Akasema ni kwa sare, kwenye mji wa baridi, ukumbi karibu mtupu. Alipotoka alimpigia mama yake, simu haikupokelewa. Akanunua mkate, akala huku anatembea.

"Na wewe," akaniuliza, "nyumbani nani anakungoja umpe habari?"

"Watu wengi sana," nikamjibu.

Kesho yake wachezaji wa dame walikuwa chini ya mabati ya depo yangu kama kawaida. Mkubwa wao ni muuza ndagala mmoja, wale dagaa wa ziwani, rafiki yangu tangu siku za kubeba mbao.

"Patron! Ulikula ngapi?"

"Chache. Lakini mnara niliuacha."

"Uliuacha? Hawakukupulizia?"

"Kule hawapulizi."

"Basi ulimupiga?"

"Hapana. Tulitoka sare."

"Aah! Unafunga depo, unavaa koti, unavuka paka Buja, unarudi na zero kwa zero!" Wote wakacheka, na mimi nikacheka nao. Nikamvutia kiti, nikamwambia akae nimfundishe. Nilimwekea mnara wazi. Hakungoja hata nitoe mkono. "Nimekula!" akapiga kelele, akanyanyua ule mnara juu wenzake wauone. Nilipomfungia mfalme, alitazama kidogo, akasimama.

"Huu muchezo ni wa batu hawana mandugu," akasema, akarudi kwenye vifuniko vyake.

Jumapili baada ya misa nilinunua kuku, jogoo mkubwa, na mama anayenipikia akampika mzima. Nilimwambia aende kwake mapema. Nikatoa meza barazani, nikapanga ubao kama ulivyokuwa Bujumbura. Nilikaa kwanza kwenye kiti cha mke wangu, nikausogeza mnara mahali pake, wazi kabisa. Kisha nikazunguka meza, nikakaa kwenye kiti changu, nikautazama muda mrefu, kama mtu asiyejua ni nani aliyeuweka. Mkono niliukalia. Kuku alikuwa anapoa.