Mbarak na Watoto Wanaotabasamu

Mbarak Athman alikuwa mtu wa picha tangu ujana wake. Alilelewa Kuze, Mombasa, na mama mjane, Bi Mwanakombo, aliyemtia kazini kwenye studio ya Muhindi mmoja mkali ajabu. Huko alijifunza kuwachekesha watoto wanaolia na kuwaficha vikongwe makunyanzi. Alipofika Marekani hakuna aliyemuuliza anajua nini. Aliosha vyombo, akaendesha teksi, akalinda maegesho ya magari, mpaka jumba moja la makumbusho jijini Washington likamchukua kwenye chumba chake cha kusafishia picha. Chumba chenyewe hakikuwa na dirisha. Kwa Mbarak kilikuwa pepo ndogo, na kila asubuhi alipanda treni pale Laurel, alikoishi, akienda kazini na uso wa mtu anayekwenda harusini.

Sasa huyu bwana alikuwa na ila moja, na tusimwonee, maana wenziwe wengi walikuwa nayo. Yeye na mkewe, Time, walipanga vyumba viwili vya chini, na dirisha la sebule lilitazama mapipa ya taka ya jengo zima. Lakini picha za Idi walizompelekea mama hazikupigwa hapo. Zilipigwa Bowie, mji wa jirani, mbele ya nyumba ya rafiki yake Fidelis, Mtanzania mwenye kazi nzuri ya serikali. Fidelis alikuwa na moyo mweupe. Alishazoea kutoka nje Jumamosi na kukuta familia ya watu imejipanga mlangoni pake, mtoto kaegemea gari lake. Sikwambii ni mama wangapi, Kisumu, Moshi na Unguja, waliokuwa wameutundika mlango ule ukutani wakijua ni wa mwana wao.

Mbarak hakuwahi kumwandikia mama yake kwamba nyumba ni yake. Uongo hakuusema, aliunyamazia tu. Moyoni alikuwa na hofu moja kubwa: kwamba mama aliyeuza bangili zake ili yeye apate nauli angejua mwanawe yuko Marekani miaka yote hii na bado anaishi karibu na mapipa.

Mwaka 2006 jumba lile lilitayarisha maonyesho ya picha za Wajerumani, kuanzia vitabu vya kutishia watoto hadi picha za siasa za wakati wa vita. Msimamizi alikuwa Hannelore, mama wa Kijerumani mwenye mvi tupu, aliyekuwa ameshastaafu akaitwa kwa kazi hiyo. Alizoea kushuka kwenye chumba cha Mbarak na kikombe chake cha kahawa, akaketi juu ya sanduku, akazungumza.

Walianza na vitabu. Mbarak alipiga upya picha ya mtoto aliyeacha lango wazi, bata bukini wakamkamata kwa nguo na kumburura hadi kwenye matope, asionekane tena.

"Mama yangu alinisomea hicho," Hannelore alisema. "Nimezaa, nimezika mume, na bado silali kabla sijajaribu kitasa."

Mbarak alicheka. Kwao walitishiwa zimwi, lakini zimwi la Bi Mwanakombo lilikaa mdomoni mwake, na kila mtoto alijichorea la kwake.

Kisha zikaja picha za siasa. Watoto wamepangwa mistari, wana bendera, wana maua, wametabasamu mpaka unaona magego. Maandishi ya chini yalisema wanafurahi kumwona kiongozi wao. Hannelore aliweka kidole juu ya msichana mwenye shada.

"Huyu ni mimi."

Mbarak alimtazama yeye, akaitazama picha.

"Kiongozi hakuwapo," Hannelore aliendelea. "Mpiga picha alishika peremende, hapa, karibu na sikio lake. Angalia macho yetu."

Mbarak aliinama na kioo cha kukuzia. Kweli, macho yote yalikuwa yamekwenda mahali pamoja, kando kidogo ya lenzi. Na yeye mwenyewe, jamani, alishawafanyia hivyo watoto wa watu Kuze.

"Akawapa?"

"Hakutupa. Alikuwa na kijiji kingine cha kwenda alasiri." Alikunywa kahawa yake. "Mama yangu aliikata gazetini akaitundika sebuleni. Aliipenda picha hii kuliko alivyonipenda mimi, nadhani. Mle pichani sikuwa na njaa."

Maneno hayo yalimchoma Mbarak. Jioni kwenye treni aliufikiria mlango wa Fidelis, akajisikia vibaya, lakini akajiambia kwamba yeye hakumdanganya mtu kwa ajili ya vita. Ndivyo tunavyojisamehe. Kilichobaki ni tabia ya kuangalia macho. Picha yoyote aliyoiona, ya gazeti au ya kalenda, alitafuta kwanza wenyewe wanatazama wapi.

"Utakuwa mganga wewe," Time alimtania. "Hebu nitizame na mimi, uniambie nyota yangu."

Baada ya Idi, jirani yao Wazir alirudi kutoka Mombasa. Alileta halua, na ndani ya bahasha, picha: Bi Mwanakombo studioni, ameketi, leso mpya begani, na Tasnim, dada yake Mbarak, amesimama ubavuni.

"Mashallah, mamaako kanawiri!" Time alisema. "Tuiframe hii, tuiweke hapo juu ya tivii."

Mbarak aliangalia macho kwanza. Tasnim alikuwa akitazama lenzi. Mama hakuitazama. Uso ulikuwa wima, tabasamu lipo, lakini macho yalikuwa yameelekea chini kushoto, mahali ambapo hakuna kitu cha kutazama, ila pengine sauti ya mtu anayesema, bibi, tulia hapo. Na mkono wa Tasnim haukulala begani kama wapiga picha wanavyotaka. Ulishika kiwiko cha mama, kama anayemwongoza mtu.

Alikaa chini kwenye zulia. Machozi yakamtoka, hakuyafuta.

"Mbarak? Umepatwani?"

"Mama haoni, Time. Mama yangu haoni."

Wakakwangua kadi ya simu palepale. Kuze ilikuwa alasiri. Tasnim alijaribu kukataa, kisha akasema kweli.

"Ni sukari, kaka. Tangu Ramadhani ya mwaka jana. Ni yeye aliyetukataza. Kasema uliyeko ugenini hushtuliwi, utaacha kazi urudi mbio."

"Na picha zangu? Kila nikipiga simu asema ameziona."

"Mimi humweleza. Lile gari, yale maua, ule mlango. Mlango autaka kila siku."

Mbarak aliomba apewe mama.

"Mbarak." Sauti ilikuwa ileile.

"Mama, mbona hukuniambia?"

"Nikuambie ufanye nini? Ungenitia macho kwa simu?" Bi Mwanakombo alicheka peke yake. "Usilie, mwanangu. Nasikia walia. Mimi nshazoea. Tasnim anieleza picha zako, lakini siku hizi amechoka, aruka mengine. Nieleze wewe. Nifungulie huo mlango, unitie ndani ya nyumba."

Hapo ndipo penyewe. Mtu asiyeona, aliye ng'ambo ya bahari, anakuomba umwonyeshe nyumba yako. Mbarak angeweza kumjengea kasri la ngazi za marumaru na hakuna ambaye angelibomoa. Time alikuwa amesimama akimwangalia.

"Mama," alisema. "Ule mlango si wangu."



"Ni wa nani?"

"Wa rafiki yangu. Hutuacha tupigie picha hapo."

"Ni mtu mwema?"

"Mwema sana."

"Mshukuru, basi. Wako ukoje?"

"Wa kahawia. Rangi imebambuka. Baridi ikija hukwama, mpaka niusukume kwa bega." Alisimama, akatembea na simu. "Ukiingia kuna zulia, lina doa la chai, ni mimi niliyeimwaga. Dirisha laangalia mapipa ya taka, mama. Mapipa tu."

"Yanuka?"

"Wakati wa joto."

"Na Time yuko wapi?"

"Yuko hapa mbele yangu. Kafunga leso, ana unga mikononi, alikuwa akanda maandazi."

"Na wewe?"

"Nimenenepa. Nina mvi."

"Nyingi?"

"Kama za baba."

 Kisha alimsikia mama yake akivuta pumzi kama mtu aliyepanda ngazi na sasa amefika.

"Haya," alisema Bi Mwanakombo. "Nimeingia. Lakini mbona mwanisimamisha? Niambie kiti kiko wapi, mwanangu, nikae."

Mbarak akavuta kiti kutoka mezani, akakivuta kweli, akakiweka karibu na dirisha, akampangusia vumbi kwa kiganja, akamwambia mama yake akae.