Chungu cha Mihayo

Wifi yangu Kashindye alikuwa akijenga ndoto. Usicheke! Wenzake walijenga nyumba za udongo. Yeye, pale Mkuyuni, enzi za Mwingereza kabla ya vita vya Hitla, alijenga mahali pa kwenda mtu akilala. Alifinyanga chungu, akatia ndani vitu vya mahali penyewe, mchanga wake, majani yake, moshi wake. Mteja alikuja baada ya chakula cha mchana, akajilaza mkekani, akanusa chungu, na Wifi akamwelekeza kwa sauti ndogo: pinda hapa, fungua mlango ule. Basi, kashaingia. Manjula, mke wa mwenye duka la vitambaa, aliomba ua wa nyumba ya mama yake huko kwao Kachi, akaleta samli na kipande cha kamba ya bembea. Alipoamka alimkumbatia Wifi mbele za watu, na Wahindi wa siku zile hawakuwa na mchezo huo.

Kazi ile ilikuwa na mwiko: mjenzi hulala humo kwanza, akague kabla ya mgeni. Tena mtu akiingia mara moja, njia anayo. Chungu kikiwa kizima, atarudi kila anapolala, hata akiwa kwake.

Mihayo, kaka yake Kashindye, ndiye aliyekuwa mume wangu. Alikuwa akivuka ziwa kwenda Busisi na mwenzake Venant, mtumbwi ukapinduka. Mihayo akang'ang'ania ubavuni. Venant akampiga vidole kwa kafi mpaka akaachia, kwa kuogopa mtumbwi hautawabeba wote wawili. Wanawake waliokuwa wakifua ufukweni waliona kwa macho yao. Lakini barazani nani awasikilize wanawake wa kufua? Wazee wakasema ni upepo. Mimi nikanyoa nywele, Venant akanenepa, mwanaharamu yule.

Miaka ikapita. Siku moja si Venant huyo akapiga hodi kwa Wifi! Hakumjua, maana Wifi aliolewa mjini zamani. Alisema usingizi wake mbaya, akaomba malisho mabichi yenye ng'ombe wengi. Wifi akamjibu kwa adabu, "Karibu, baba. Rudi wiki ijayo, utakuta tayari." Kisha akaja kwangu mbio, khanga inaburuta.

"Dorotea, Mungu kamleta!"

Damu ilinichemka. Tulichota mchanga wa Busisi na maji yake. Nikatoa shati la Mihayo nililolificha sandukuni, bado lina jasho lake, tukalitia chunguni. Tulitaka Mihayo amngoje mle majini, amkamate miguu, amzamishe kila anapolala mpaka siku ya kufa kwake. Wifi hakulala humo kwanza. Alisema hawezi kuyatazama maji yale. Nami nikasema ya nini kukagua, mjengee tu.

Venant akaja, akalala. Nilikaa chumba cha ndani, nimetega sikio nisikie mayowe. Kimya. Nikachungulia: anatabasamu, shenzi! Alipoamka machozi yalikuwa yakimtoka.

"Mama, nimemwona mtu niliyemkosea. Maji yalinizidi, akanishika mkono, akaniketisha juu ya mtumbwi. Kaniambia, 'Pumzika, Venant, yamekwisha.'"

Akaenda zake akipiga mluzi.

Ndivyo Mihayo alivyokuwa. Hakuwahi kumchapa hata mbuzi aliyekula mihogo yetu. Shati lilikuwa lake, jasho lake, basi aliyekuja ni yeye mwenyewe. Tungekagua, tungejua.

Wifi akalala humo alasiri ileile. Aliamka analia. "Anakuulizia wewe, Dorotea. Lala ukamwone."

"Na Venant?"

"Venant ataingia kila anapolala, mpaka chungu kivunjike."

Nilisimama mbele ya kile chungu. Mume wangu yumo, ananiulizia. Nilimtaka, jamani, nilimtaka! Wifi akanishika mkono. "Mwone mara moja tu, kisha uvunje."

"Nikimwona sitavunja."

Yaani Venant apumzike na Mihayo wangu kila siku, muuaji na aliyeuawa mtumbwi mmoja, nami niseme haya? Thubutu! Nikachukua mchi, nikakipiga chungu mpaka kikawa vigae. Nikalitoa shati, nikalinusa. Lilinuka udongo tu.

Wifi hakujenga tena. Alifinyanga vyungu vya mboga mpaka uzeeni, akisema mikono imekataa ile kazi nyingine. Hakunilaumu hata siku moja, ila mkeka ule aliukunja akaupandisha darini.

Kesho yake baada ya chungu kuvunjwa, Venant alirudi tunakula, macho mekundu, hata hodi hakupiga. "Mama, nimelala, sioni kitu! Giza tupu! Yuko wapi?"

Nikamwonyesha vigae kando ya mlango. "Unanifahamu? Mimi mke wa Mihayo."

Alinitazama. Kisha akapiga magoti akaanza kuviokota, anajaribu kuviunga kimoja kimoja, analia kama aliyefiwa leo. Wifi akageuza uso. Mimi nikamaliza ugali wangu, nikanawa mikono.