Sidii Iliyofukuza Ndege

Mpaka leo sijui sidii ile ilisomekaje. Katika saiba moja ya intaneti mjini Bungoma, niliyozoea kwenda, mama kutoka Matulo alitaka kumwona kwa video mjukuu aliyezaliwa ng'ambo. Kamera yake ndogo, ya bei rahisi kutoka Kitale, haikutambuliwa na kompyuta.

"Mama, sidii yake ya programu iko wapi?" mhudumu akamuuliza. " Bila hiyo haiwezi kushika."

"Ati ni ya kazi? Si mzee wangu aliitundika kwa shamba la wimbi ifukuze ndege!"

Sikumlaumu mzee, inametameta vizuri.

Kesho yake aliileta, imekwaruzwa na upepo, ingali na kamba. Mhudumu akaipangusa kwa shati, akaiingiza kwenye kompyuta, kamera ikashika. Punde mjukuu akatokea kwenye kioo, anapiga miayo. Mama akagusa kioo kwa kidole.

Akaamua sidii isirudi shambani. Ndege sasa wanafukuzwa na mzee mwenyewe, kwa kugonga debe.