Spika Juu ya Akala

Chumba changu hapa Kikima kiko ghorofani, na sakafu ni saruji tupu. Kila nilipowasha spika, vikombe vya mama mwenye nyumba, anayeishi chini yangu, vilitetemeka kabatini. Akaniambia, "Kijana, spika ihame, ama uhame nayo." Niliona haya.

Kwanza niliiweka juu ya karai nililolipindua. Kelele ikazidi. Kisha nikakata akala zangu kuukuu, vile viatu vya tairi, nikaweka kipande chini ya kila pembe ya spika. Jumapili, baada ya kanisa, niliwasha nyimbo za kwaya nikashuka kwake.

"Leo spika imekufa?" akauliza.

"Inaimba, mama. Panda usikie."

Alipanda, akagusa sakafu kwa kiganja, akakuta haitetemeki, akacheka.

"Basi kaa, fundi."