Ukurasa Nilioogopa Kuufunga

Nimehama mara nyingi kuliko nilivyokusudia. Kutoka Tanga nilikwenda Muscat, nikaja Leicester, kisha Tottenham, na sasa nimejibanza Thamesmead kwa kaka yangu na mkewe. Katika kuhama huko, begi lenye picha za marehemu mama lilipotea, halikuonekana tena.

Ndiyo maana moyo ulinienda mbio nilipoikuta picha yake kwenye tovuti ya watu wa mtaa wetu wa zamani. Amesimama mlangoni na sinia mkononi, anamtazama mpiga picha kama mtu aliyekatizwa maneno. Chini yake majirani walikuwa wameandika habari zake. Muda si mrefu mwenye tovuti akaifunga. Ukurasa ule ukabaki kwenye kompyuta yangu tu, kwa sababu ulikuwa wazi. Nilikuwa na mwingine wa tovuti hiyohiyo. Nilipougusa ulijipakia upya, ukaniambia haupo. Tangu siku hiyo wa mama sikuugusa, wala kompyuta sikuizima. Kila mara kivinjari ninachofungulia tovuti kilipoomba nikisasishe na kukianzisha upya, nilibonyeza "Baadaye". Alama ndogo pale pembeni ikatoka kijani, ikawa ya chungwa, mwisho ikawa nyekundu.

Jumapili moja shemeji yangu, ambaye ni muuguzi, aliomba kompyuta aangalie shifti zake. Alipoiona ile alama akaondoa mikono.

"Shemeji, mimi siandiki neno langu la siri humu."

"Kwani ina nini?"

"Hiki kivinjari umekisasisha lini? Ulipokuwa bado na nywele?"

Akanieleza yaliyompata mwenzake wa kazini. Naye alikuwa akiahirisha hivyo hivyo, mpaka wezi wakaingia kupitia kivinjari chake cha zamani, wakabadilisha neno la siri la barua pepe yake, wakamfungia nje.

"Mimi sifungui mambo ya ovyo," nikajitetea. "Nasoma magazeti ya nyumbani, basi."

"Na yeye alikuwa anasoma mapishi. Hakubonyeza chochote. Unajua, kusasisha ndiko kuziba matundu, na tundu likizibwa, wezi nao wanasikia lilikuwa wapi. Kisha wanatafuta watu kama wewe, ambao hawajaziba."

Hapo nikaikumbuka hati yangu ya ukaazi. Siku hizi hati hiyo iko mtandaoni tu, na huwa naifungua kwa kivinjari hichohicho. Nikamweleza kwa nini nimekuwa nikiahirisha, nikamwonyesha picha.

Aliitazama kwa muda. Hakuwahi kumwona mama mkwe wake akiwa hai.

"Kumbe kaka yako pua kaitoa hapa," akasema. Halafu, "Sasa shemeji, simu yako haina kamera?"

"Naogopa kuugusa."

"Nani kasema uguse? Picha inapigwa kwa mbali."

Tulianza hivyo, simu mkononi, pumzi nimeibana. Kisha akabonyeza vitufe vya kunasa picha ya skrini, na mama akahifadhika safi, bila mng'ao wa taa. Tukateremka polepole, tukanasa na maneno ya majirani yote. Nilimwomba anase tena, akanasa bila kunicheka. Baada ya hapo nikakubali kivinjari kisasishwe.

Kilijifunga, kikafunguka tena, kikajaribu kunirudishia kurasa zangu. Ule wa mama ukaniambia kwamba haupo. Nilikuwa nimejiandaa kuumia, lakini nilihisi kama mtu aliyetua mzigo wa kuni. Alama nyekundu ilikuwa imetoweka. Shemeji akaivuta kompyuta na kuandika neno lake la siri, huku akinikunjia uso nitazame pembeni.

Picha nikamtumia dada yangu Tanga. Muda wote ule sikuweza, nikimsimulia tu kwa maneno. Akanirudishia ujumbe wa sauti, nusu kicheko, nusu kilio.

"Kaka, mpiga picha ni mimi. Mama alikuwa ananiambia niache kuchezea kamera ya watu."